Kichwa Kinauma, Macho Yana Ukungu? Miwani Isubiri Kwanza

Mwezi huu naomba tuongelee ile sentensi iliyozua kasheshe kwenye vyumba vingi vya wanandoa: "Leo kichwa kinaniuma." Wanaume wengi wakiisikia usiku wanageukia ukutani na kununa. Kwao ni kisingizio. Na tusidanganyane, kuna siku huwa ni kisingizio kweli. Lakini kuna kichwa kinachouma kwa sababu presha ndani ya fuvu imepanda, na hapo wanaoumia ni macho. Yote mawili.

Nina shosti wangu Babati, mjini kabisa. Tulisoma wote chuo. Mimi nikaangukia kwenye magazeti, yeye akaolewa Manyara, na sasa ni mhasibu. Ana miaka 31, watoto wawili, na tangu ajifungue wa pili mwili umeongezeka haraka. Kwa miezi kadhaa alikuwa anaamka na kichwa kizito, kikizidi akikohoa. Akiinama kumfunga mwanawe kamba za viatu, macho yanazima kama umeme wa mgao, sekunde chache tu, halafu yanarudi. Usiku, sikioni anasikia "shwa, shwa" inayokwenda na mapigo ya moyo. Alibadilisha miwani mara mbili, hakuna kitu. Mumewe, shemeji yangu mpole tu, akaanza kusema mama watoto siku hizi ana visa.

Aliyeokoa jahazi ni mtaalamu wa macho palepale mjini. Alimwekea matone ya kutanua mboni, akachungulia nyuma ya jicho la kulia, kisha la kushoto, akaandika kuwa diski za neva ya macho zimevimba pande zote mbili. Rufaa aliiandika siku hiyohiyo.

Sasa diski ni kitu gani? Nyuma ya kila jicho kuna kiduara chenye upana wa takriban milimita moja na nusu. Hapo ndipo nyuzi zaidi ya milioni moja zinapokusanyika na kuwa neva moja inayopeleka picha kwenye ubongo. Neva hiyo imevalishwa ala yenye maji yaleyale yanayouzunguka ubongo. Presha ya maji hayo ikipanda, inasukuma mpaka machoni, na diski inavimba. Kwa kuwa ubongo ni mmoja na macho ni mawili, kwa kawaida huvimba zote mbili.

Ujuzi huu si wa jana. Mjerumani Hermann von Helmholtz alitangaza kifaa cha kuchungulia ndani ya jicho mwaka 1851, na mwaka 1860 daktari Albrecht von Graefe akaeleza uvimbe huu kwa wagonjwa wenye matatizo ndani ya ubongo. Mpaka leo kifaa cha aina hiyo kinaingia mfukoni mwa daktari.

Kinachowaponza wengi ni kwamba mwanzoni unaweza kusoma herufi zote ukutani bila shida huku diski zimevimba. Uwezo wa kuona huliwa kutoka pembeni, kimyakimya. Ndiyo maana miwani haikumsaidia shosti wangu. Tatizo halikuwa kwenye lenzi.

Sababu ni nyingi, na nyingine haziko tayari kukusubiri: uvimbe kwenye ubongo, damu iliyoganda kwenye mishipa ya ubongo, homa ya uti wa mgongo (hasa ile ya fangasi kwa mtu ambaye VVU imeshusha kinga yake sana), au shinikizo la damu la kupindukia. Mama mjamzito mwenye kichwa kikali na macho yenye ukungu asilale nayo. Inaweza kuwa kifafa cha mimba kinakuja. Kuna pia presha ya fuvu inayopanda bila uvimbe wala mgando wowote, na hiyo huwapata zaidi wanawake vijana walioongezeka uzito. Baadhi ya dawa, kama tetrasaiklini na vitamini A kwa wingi, nazo zinaweza kuileta. Na usife kwa hofu: kuna watu wamezaliwa na diski zinazoonekana kama zimevimba na hawana ugonjwa. Anayeweza kutofautisha ni mtaalamu, si jirani.

Si kila ugonjwa wa diski mbili unaanza na kichwa, lakini. Hapa nyumbani tuna historia yetu. Kuanzia mwaka 1988 madaktari wa macho jijini Dar es Salaam walianza kuona vijana wengi wanaopoteza uwezo wa kuona katikati, macho yote mawili, bila maumivu. Nyuso za watu na maandishi vinafifia, rangi zinapauka. Daktari akichungulia, anakuta diski imepauka upande mmoja, kwa sababu nyuzi zimekufa. Baadhi yao walikuwa na ganzi na kuwaka moto miguuni. Utafiti uliochapishwa mwaka 1997 uliuelezea ugonjwa huo, na mwaka 1998 ukachapishwa mwingine kuhusu wanafunzi wa shule za msingi jijini humo. Chanzo hakikuthibitishwa, ila lishe duni na upungufu wa vitamini za kundi B vilishukiwa sana. Cuba nao walipata janga linalofanana kati ya mwaka 1991 na 1993. Watu zaidi ya 50,000 waliugua, na serikali ikagawa vitamini kwa nchi nzima.

Kwa hiyo wewe unayekunywa chai kavu asubuhi na chipsi usiku, kila siku, eti uko bize, jirekebishe. Na wewe wa gongo: pombe yenye methanoli inaweza kuua neva zote mbili ndani ya siku chache. Aliye kwenye dozi ya TB yenye ethambutoli akiona rangi zinabadilika, arudi kliniki upesi, asiache dawa kimyakimya.

Turudi kwa shosti. Safari ya kwanza ilikuwa Arusha, takriban kilomita 170, kisha mbele zaidi. Alipigwa picha ya ubongo, haikuonyesha uvimbe wala mgando. Wakapima presha ya maji kwenye uti wa mgongo, ikawa juu. Akaanzishiwa vidonge vya asetazolamidi na kuambiwa apunguze uzito. Si maneno ya kumkejeli, ni tiba: utafiti wa Marekani wa mwaka 2014 kwa watu 165, karibu wote wanawake, ulionyesha kuwa dawa hiyo pamoja na mpango wa kupunguza uzito iliboresha uwezo wa kuona kuliko mpango peke yake.

Jambo lililonigusa si vidonge. Shemeji aliomba ruhusa kazini, akakaa kwenye benchi la hospitali siku tatu, akauliza maswali mkewe alipochoka kuuliza. Siku hizi jioni wanatembea wote upande wa Ziwa Babati, na wanarudi kabla giza halijaingia maana viboko wa pale hawana utani. Pembeni mwa jicho la kushoto kuna sehemu ambayo haikurudi. Daktari alisema wangechelewa zaidi, ingekuwa kubwa kuliko hapo.

Kaka, mwenzio akisema kichwa kinauma, kabla ya kununa muulize: kinazidi asubuhi au ukilala? Macho yanazima ukiinama, au unaona vitu viwili viwili? Kuna sauti ya mapigo sikioni? Akijibu ndiyo hata kwa moja, kesho yake mpelekeni akapimwe presha ya damu, na mwombeni mtaalamu achungulie nyuma ya macho yote mawili, si kusoma herufi tu. Kama anatapika, ana homa au shingo imekakamaa, au macho yamefifia ghafla, msingoje kesho. Na wewe dada, usimeze panadol miezi sita ukiona aibu kusumbua watu.

Tukutane toleo lijalo, Mungu akipenda.