Polisi Si Mahakama ya Mashamba

Hapa Rubavu, ndugu wawili wakigombania kiwanja cha marehemu baba yao, wapo wanaokimbilia polisi. Hilo ni kosa. Askari akimkamata mmoja, majirani huona kesi imekwisha, kumbe hakuna aliyesikilizwa. Hati ya ardhi haisomwi kwa pingu! Sheria ya 2016 iliwapa Abunzi, wapatanishi wa kuchaguliwa, migogoro ya mali isiyozidi faranga 3,000,000. Inayozidi hapo ina mahakama. Panga likiinuliwa, polisi waje walinde uhai. Mahakama ikishaamua, wamlinde anayetekeleza hukumu. Zaidi ya hayo wakae kando. La sivyo, shamba litakuwa la anayejuana na askari, si la mwenye haki.