Bustani Isiyotunzwa Huitwa Kiwanja Kitupu



Mnakumbuka siku bustani ya kartie yetu ilipofunguliwa? Tulivaa vitenge, tukacheza ngoma, na kibao cha mradi kikasimamishwa. Kisha mnyororo wa bembea ukakatika, na hakuna aliyeutengeneza. Watoto wakaacha kwenda. Majani yakaota, taka zikajaa. Asubuhi moja tukakuta watu wanapima pale kwa kamba. «Hapa ni patupu,» walituambia.

Patupu? Sheria ya ardhi ya 20 Julai 1973 inasema kwamba ardhi iliyowekwa kwa matumizi ya watu wote haigawiwi mtu, mpaka serikali iiondoe kwanza katika matumizi hayo kwa njia halali. Tuliwaomba hati, wakakunja kamba yao wakaenda. Lakini sheria haifagii, wala haifungi bembea. Tulipoiacha bustani, tuliwafungulia mlango.

Wazee walisema: kuzaa si kazi, kazi ni kulea. Pesa za mradi hujenga, halafu huisha. Matunzo hayaishi. Kwa hiyo, kabla ya kupiga vigelegele tena, kikundi kiulize mambo manne:

1. Bustani imeandikwa kwa jina la nani? Tuombe kopi ya hati.

2. Pesa za kuitunza zitatoka wapi kila mwaka? Bajeti huanza Januari. Ombi letu lifike komini mapema, si Februari.

3. Kitu kikivunjika, tumwendee nani?

4. Sisi wakaaji tutafanya nini? Kufagia na kukata majani katika salongo, ndiyo. Lakini kuchomelea vyuma na kujenga ukuta si kazi ya wamama bila malipo. Tusibebeshwe mzigo wa komini kwa sababu tu watoto ni wetu.

Juma hili, nendeni na watoto mpaka kwenye bustani yenu. Andikeni kilichovunjika na tarehe. Fanyeni barua mbili: moja ibaki ofisini, ya pili irudi na muhuri. Asiye na muhuri ataambiwa hakuja.

Bembea yetu bado haijatengenezwa. Lakini barua yetu ina muhuri, na kila Jumamosi tunafagia. Watoto wameanza kurudi. Mahali penye watoto hakuna atakayepaita patupu.

Tuonane juma lijalo.