Kauli ya Mfanyakazi Nayo ni Historia

Wahenga walinena kwamba adhabu ya kaburi aijuaye ni maiti. Vivyo hivyo, adha ya kazi aijuaye ni mfanyakazi. Studs Terkel, mtangazaji wa redio mjini Chicago aliyefariki mwaka 2008, aliutambua ukweli huo, akatembea na kinasa sauti. Katika Hard Times (1970) walisimulia walioonja dhiki ya miaka ya 1930. Katika Working (1974), mhudumu wa mkahawa, mchimba makaburi na mfanyakazi wa kiwanda cha chuma walieleza fahari na machungu ya kazi zao.

Hata hivyo, mwaka 1982 baadhi ya wazazi mjini Girard, Pennsylvania, walikipinga kitabu cha Working kusomwa shuleni kwa sababu ya lugha yake chafu. Terkel alifunga safari, akakitetea mbele ya wanafunzi.

Hoja ya wazazi hao si ya kupuuzwa. Mzazi ana haki ya kuchunga masikio ya mwanawe. Lakini anayemsafisha mfanyakazi ulimi humnyang'anya pia uchungu wake. Afadhali mwanafunzi alisikie neno kali mwalimu akiwa kando, kuliko kuhitimu akidhani kwamba taifa hujengwa na wakubwa peke yao.