Haki za Filamu na Maisha ya Mtayarishaji wa Kujitegemea

Mtayarishaji wa filamu wa kujitegemea huibeba filamu tangu ikiwa wazo hadi malipo ya mwisho, bila kampuni kubwa nyuma yake. Yeye ndiye anayesaka fedha, anayeingia mikataba na mwandishi, mwongozaji na waigizaji, anayelipia chakula na usafiri lokesheni, na anayebaki na madeni kazi isipouzika. Nchini Tanzania ni vigumu kudumu katika kazi hii, na lawama hutupiwa zaidi uharamia. Uharamia umewaumiza wengi kweli, lakini jeraha kubwa zaidi limetokana na mauzo halali.

Enzi za DVD, mtayarishaji alipeleka masta kwa msambazaji, mara nyingi Kariakoo, akalipwa kwa mkupuo na kuachia haki zote. Fedha hizo zililipa madeni, na chenji iliyobaki ikaanzisha filamu nyingine. Ndiyo maana hadithi moja iligawanywa sehemu ya kwanza na ya pili: kila sehemu iliuzwa peke yake. Soko la DVD lilipokufa, na chaneli kama Sinema Zetu ya Azam pamoja na majukwaa ya intaneti yakahitaji filamu, aliyeuza kila kitu hakuwa na cha kuuza tena. Jasho la miaka mingi lilikuwa mali ya mwingine, na hilo ni jambo la kusikitisha sana.

Njia nyingine ni ubia wa kimataifa. Vuta N'Kuvute, filamu ya Amil Shivji iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi, ilioneshwa katika tamasha la filamu la Toronto mwaka 2021, kisha Tanzania ikaipeleka kuwania Oscar. Ubia wa namna hii hudai makaratasi kamili: mkataba wa haki za riwaya, saini ya kila mwigizaji, ruhusa ya kila wimbo. Hapo mtayarishaji hujifunza thamani ya haki. Lakini njia hiyo huchukua miaka, umiliki hugawanywa kati ya wabia, na wanaoamua ni hadithi ipi ipewe fedha wako mbali na watazamaji wa Mbagala au Tandale. Wachache tu watapita humo.

Je, kwa wengi wanaobaki, fedha za umma zielekezwe wapi? Mikopo ya Mfuko wa Utamaduni na Sanaa ingefaa zaidi kama sehemu yake ingetolewa baada ya filamu kukamilika. Wakati huo wadai wanapiga simu, mnunuzi anaijua hali hiyo, na bei inashuka. Mkopo wa miezi michache ungempa mtayarishaji nguvu ya kukataa kuuza haki zote na badala yake kukodisha filamu: televisheni kwa miaka miwili, shirika la ndege kwa mwaka mmoja, jukwaa la intaneti kwa eneo fulani tu. Sharti la mkopo liwe moja: hakimiliki ibaki mikononi mwa mkopaji hadi deni liishe.