Mpira ni mapenzi? Muulizeni Filbert Bayi

Nimeadimika kidogo kwa sababu Ijumaa nilishuka nyumbani Vuga, na nimerudi chuoni na hasira ambazo lazima nizitoe kabla ya tesiti ya Jumatano.

Mtoto wa mjomba wangu, winga wa kulia mzuri tu (kuna siku alimpita beki kiatu kimoja kikiwa kimemtoka, mimi shahidi), kaumia kifundo cha mguu kwenye ligi ya mbuzi pale kwetu. Kimevimba kama kiazi. Kazi yake ni kupakia kabichi na matenga ya nyanya kwenye Fuso pale Soni. Asipobeba, halipwi. Sasa wiki ya pili yuko kitandani na shemeji ndiye anahangaika. Alipotuma mtu kwenye kamati ya mashindano kuomba japo hela ya dawa, jibu lililorudi ni kwamba mpira ni mapenzi, hakuna aliyemlazimisha kucheza. Na timu kumi na mbili zimelipa kiingilio jamani!

Hilo neno mapenzi ndilo limenikera, maana lina historia ndefu. Kaskazini mwa Uingereza, miaka ya 1890, wacheza raga wengi walikuwa wachimba makaa ya mawe na vibarua wa viwandani. Mechi ikiingiliana na zamu ya kazi, mshahara unakatwa. Mabwana wakubwa wa chama cha raga, watu wasiojua kibarua ni nini, wakasema kumfidia mchezaji siku yake ni kuuchafua mchezo. Tarehe 29 Agosti 1895 wawakilishi wa vilabu wakakutana hotelini pale Huddersfield, na vilabu 22 vikajitenga na kuunda umoja wao. Wakaruhusu mchezaji alipwe mpaka shilingi sita kwa siku ya kazi aliyoipoteza. Basi. Hapo ndipo ulipoanzia ule mchezo wa wachezaji 13 ambao leo unaitwa raga ligi.

Mwaka 1906 kijana wa miaka 15 tu, Harold Wagstaff, akaanza kuichezea Huddersfield. Julai 1914 alikuwa nahodha wa timu ya Uingereza iliyoifunga Australia 14 kwa 6 mjini Sydney, na kuna wakati walibaki watu 10 uwanjani kwa sababu ya majeruhi. Zama zile hakuna cha kubadilisha mchezaji, ukitoka umetoka. Hawa ni watu waliokuwa wanalipwa. Sasa aje mtu aniambie hawakuwa na mapenzi.

Hayo ya wazungu. Kwetu tunaye Filbert Bayi, mtoto wa Karatu, askari wa JWTZ. Tarehe 2 Februari 1974 kule Christchurch, New Zealand, alitoka mbele tangu bastola ilipolia na hakushikwa mpaka mwisho. Mita 1500 kwa dakika 3 na sekunde 32.16, rekodi ya dunia. Aliyemfuata ni John Walker, mwenyeji, mbele ya watu wake. Mwaka uliofuata, kule Kingston, Jamaika, Bayi akachukua na rekodi ya maili. Kwa kanuni za riadha za wakati ule mwanariadha alikuwa haruhusiwi kulipwa kwa kukimbia. Mapenzi matupu!

Halafu ikaja 1976, na hapa raga inarudi tena, ndiyo maana nimeanza nayo. Timu ya raga ya New Zealand ilikwenda kucheza Afrika Kusini ya makaburu. Nchi za Afrika zikataka New Zealand ifukuzwe kwenye Olimpiki ya Montreal, wakubwa wakagoma, basi Tanzania na nchi nyingine zaidi ya 20 zikasusia. Bayi alikuwa na miaka 23. Dhahabu ya mita 1500 akachukua John Walker yule yule, wa New Zealand ile ile. Kha!

Msininukuu vibaya. Kususia kulikuwa sahihi, na ingekuwa leo ningesusia tena. Ila nchi ilipotoa sadaka ile, miguu iliyolipa ni ya Bayi na wenzake, na sijawahi kusikia mtu akiwahesabia gharama. Mwaka 1980 Moscow alipata fedha katika mita 3,000 za kuruka viunzi na maji, Suleiman Nyambui naye fedha ya mita 5,000. Mpaka Olimpiki ya Paris 2024 inakwisha, hizo mbili ndizo medali zetu zote. Baadaye Bayi akafungua shule, akasimama. Lakini kwa Bayi mmoja wako wangapi waliorudi kijijini na goti bovu?

Mambo yamebadilika juu huko. Alphonce Simbu alipotwaa ubingwa wa dunia wa marathoni Tokyo mwaka 2025 kulikuwa na zawadi ya dola 70,000, na sikusikia mtu akisema zimempunguzia mapenzi. Huku chini kwenye mchanga ndiko bado tunaishi 1894.

Simdai mtu mshahara. Ninachosema, kabla mbuzi hajanunuliwa, sehemu ya kiingilio iwekwe pembeni kwa atakayeumia: hela ya hospitali na ya siku atakazokosa kibarua. Mbuzi akiwa mdogo kidogo, supu itaongezwa maji.

Jumamosi kuna kikao cha kamati na nimeomba nafasi ya kusema. Wazee nitawapa shikamoo zao zote, mmoja mmoja, halafu nitauliza hela za timu kumi na mbili ziko wapi.