Sanduku la Bati la Mstaafu



Katika nyumba zetu nyingi liko sanduku la bati chini ya kitanda cha mzee, na ndani yake mna karatasi ambazo watoto huziona takataka. Mwezi huu twataka kuzungumza juu ya karatasi hizo, kwa kuwa tumewaona wajane wakirudi mikono mitupu kutoka maofisini kwa sababu zilipotea, au zilikuwapo lakini hazikusema neno moja.

Kwanza, malipo ya uzeeni ni kitu gani? Wako wanaodhani ni hisani ya serikali kwa mtumishi wake mtiifu. Fikira hii haikuzuka bure. Sheria ya pensheni ya Kenya, iliyoachwa na Waingereza, iliandikwa kwamba mtumishi hana haki kamili ya kudai malipo hayo. Lakini India, iliyorithi dasturi hizo hizo, mahkama yake ya juu iliikataa fikira hiyo mwaka 1982, ikahukumu kuwa pensheni si sadaka ya kupenda mtoaji, bali ni ujira wa kazi iliyokwisha kufanywa. Sisi twaona hukumu hiyo ndiyo ya haki. Aliyetumia nguvu za mwenziwe miaka 30 ana deni, na aya iliyo ndefu kupita zote katika Kurani yahusu kuandikiana madeni.

Sasa tazameni yaliyowapata watumishi wa Jumuiya ya zamani ya Afrika Mashariki. Jumuiya hiyo ilianza Desemba 1967, nayo ikashika reli, bandari, posta na simu, na ndege za nchi tatu. Mwaka 1977 ikavunjika. Mtu aliyekuwa Nairobi au Kampala akafungasha mizigo yake akarudi kwao, na mwajiri wake hayupo tena duniani. Jee, amdai nani?

Nchi tatu zikakaa na msuluhishi kutoka Uswisi, Victor Umbricht, hata tarehe 14 Mei 1984 zikatia saini mapatano mjini Arusha. Mali ikagawanywa: Kenya asilimia 42, Tanzania 32, Uganda 26, na kila serikali ikachukua dhamana ya malipo ya uzeeni ya raia wake. Maandishi yalikuwa mazuri. Fedha zikakawia. Tanzania wazee walikwenda mahkamani mwaka 2003, na Septemba 2005 wakapatana na serikali mbele ya hakimu. Madai hayo yalihusu watu zaidi ya 30,000. Malipo yakatoka, lakini wengi walisema yamepungua, na watu wa Dar es Salaam wakawaona wazee wenye mvi wameketi katikati ya barabara, magari yamesimama.

Wakenya 749 nao walipeleka madai yao katika Mahkama ya Afrika Mashariki, Arusha, wakashindwa katika rufani mwaka 2012. Mahkama haikusema kwamba hawakufanya kazi. Ilisema kuwa mkataba wa Jumuiya mpya ulianza kutumika Julai 2000, nao hauwezi kurudi nyuma kuhukumu mambo ya 1977 na 1984. Walibisha hodi mlango usiokuwa wao, hali umri umekwisha kupita.

Hesabuni miaka tangu 1977 hata 2005: ni 28. Ni wangapi waliokufa katika muda huo? Haki yao haikufa nao. Mali ambayo marehemu aliistahiki hali yu hai ni katika tirka yake, hulipwa madeni yake kwanza, kisha warithi wakagawana. Lakini ofisi haimlipi mrithi kwa kuwa analia. Itataka msimamizi wa mirathi aliyethibitishwa na mahkama, kisha itataka kuona kwamba maiti na mtu wa kwenye jalada ni mmoja.

Hapo ndipo majina yetu yanapotuponza. Mtoto aitwa Muhammad. Karani wa shule aandika Mohamed. Karani wa kazini aandika Mohamedi na kulitupa lile "bin". Kitambulisho chaongeza jina la babu. Mtu mmoja amekuwa watu wanne. Na mwaka wa kuzaliwa je? Wazee wengi walizaliwa mwaka wa njaa au mwaka wa mafuriko, na siku ya kuajiriwa karani akakisia. Kisio hilo ndilo hushikwa, na ndilo humstaafisha mtu. Huko India kanuni ya mwaka 1979 humpa mtumishi miaka 5 tangu kuingia kazini kuomba tarehe isahihishwe. Anayekumbuka akikaribia kustaafu, mahkama humrudisha.

Kwa hiyo ninyi vijana mlioajiriwa juzi, msicheke. Ombeni kuliona jalada lenu mngali na nguvu: barua ya kwanza ya kuajiriwa, ya kuthibitishwa kazini, za uhamisho, za kupandishwa cheo, na hesabu ya michango. Mwezi mmoja usioandikwa leo utatafutwa miaka 30 baadaye, na karani aliyeusahau atakuwa kaburini.

Mama mmoja wa mtaani kwetu alifiwa na mumewe, mtumishi wa idara moja ya serikali. Jina lilikuwa sawa, tarehe sawa, barua zote zimo sandukuni, zimefungwa kwa uzi. Akaenda ofisini na wanawe akiwa na tumaini. Wakafungua jalada, wakaikuta fomu ya warithi, ambayo marehemu aliijaza mwaka alioajiriwa, kabla hajaoa. Aliandika jina la mamake, aliyekwisha fariki, wala hakuigusa tena fomu ile mpaka kufa kwake. Hata tunapoandika haya yule mama angali akienda na kurudi mahkamani, na mwanawe wa mwisho ameacha shule.