Kufuli la landilodi si notisi

Wasee wa Kericho na Bomet, bonasi ya majani chai ikiingia tu, landilodi anakumbuka kinyozi yako ni ya mpwa wake. "Toka mwisho wa mwezi."

Zii! Kama hamna mkataba wa maandishi, au hauzidi miaka 5, Sura ya 301 inakulinda tangu 1965. Anakuandikia notisi kwenye fomu rasmi, miezi 2, na sababu: labda anabomoa, au anataka kufungua biashara hapo yeye mwenyewe. Mwenyewe, si mpwa! Peleka pingamizi kwa BPRT, baraza la kodi za biashara, kabla muda uishe. Notisi inasimama hadi waamue.

Lakini deni la miezi 2 ni sababu halali. Lipa kwa M-Pesa, usifute meseji.